Moana si Mwana, karani

Mhariri,

Naomba kanafasi nitoe hili langu, manake huku Langoni nimeshachoka kubishana na watu barazani.

Mpwa wangu kajifungua binti, alhamdulillahi, siku ya saba akika ikafanywa, mtoto akanyolewa, na hapo ndo jina likatajwa, Moana. Watu kimya. Mamangu mzee akaitikia kwa furaha kabisa, "Mwana! Haya, Mwana nani?" Unajua kwetu Amu, yaani Lamu, Mwana peke yake ni nusu ya jina, lazima ifuate kitu, Mwanaisha, Mwanakombo, ama Mwana Kupona yule malenga wetu aliyemtungia bintiye utendi 1858. Tukamwambia la, mama, ni Mo-a-na. Akatutazama kama tumemuuzia samaki wa juzi.

Halafu kuna hawa wa barazani, ati jina la katuni, ati uzungu. Uzungu wapi? Hilo ni neno la watu wa visiwa vya Pasifiki, Wamaori wa New Zealand, watu wa Hawaii, Samoa, Tonga, Tahiti, wote hao ukiwatajia moana wanajua wasema bahari, tena si hii ya gatini ambayo watoto wanarukia maji yakijaa, ni maji makuu, kule ukigeuka huoni nchi. Hii ya pwani inayokupwa na kujaa Wamaori wana neno lake jingine, tai. Na Pasifiki yenyewe wanaiita Te Moana-nui-a-Kiwa, bahari kuu ya Kiwa, ambaye kwenye masimulizi yao ndiye mlinzi wa bahari.

Kilichonikaa zaidi ni hiki: Wasamoa rangi ya bluu wanaiita lanumoana, yaani rangi ya bahari kuu. Sisi twasema samawati, rangi ya mbinguni. Yaani sisi ambao tumekula kutoka majini tangu babu wa babu, siku ya kutafuta jina la rangi tukainua vichwa juu! Nimelifikiria siku mbili na jibu sina.

Sasa tabia ya jina. Wanaolipenda wadhani ni jina la mtoto mpole, wa kubembea na upepo. Mimi nimevua miaka na miaka, maji makuu hayana upole, yakiwa shwari yakubeba kama yai na kusi likikaza hata Mungu unamwita kwa sauti. Ndo maana shangazi mmoja aliponong'ona "mtoto ukimpa jina la bahari, bahari isije ikamdai" sikumcheka, kila nyumba hapa ina mtu aliyetoka na hajarudi. Nadhani ndo sababu sisi twawaita watoto Lulu na Marijani, vitu vya baharini vilivyokwisha kutolewa nje vikakauka, lakini bahari yenyewe twaiogopa.

Wenye jina lao kwao bahari ni njia. 1976 jahazi lao la mitumbwi miwili, Hōkūleʻa, lilitoka Hawaii mpaka Tahiti, zaidi ya kilomita 4,000, bila dira, aliyeongoza ni Mau Piailug, mzee wa kisiwa cha Satawal huko Mikronesia, akisoma nyota na mawimbi tu. Manahodha wetu waliopanda Arabuni na kusi wakarudi na kaskazi wangekaa naye baraza moja wakaelewana bila mkalimani. Na wala si watu wa mbali sana hao, Kibuki cha hapo Bukini, yaani Madagaska, ni lugha ya ukoo mmoja na lugha zao.

Kitu kingine, jina hilo kwao si la wasichana peke yao. Moana Jackson, mwanasheria wa Kimaori aliyefariki 2022, alikuwa mwanamume. Kwa hivyo wanaosema ni jina la kibinti-binti hapo wamepotea.

Sasa mhariri kilichonifanya nishike kalamu. Tumepeleka karatasi ya uzazi ofisini, sitaji ofisi gani, baba mtoto kaandika MOANA kwa herufi kubwa, kalamu nyeusi. Cheti kimetoka: MWANA. Twauliza, karani bila kuinua kichwa, "Si ndo hilo hilo? Nimewarekebishia spelingi." Kurekebisha twaambiwa fom nyingine, hati ya kiapo, pesa, na njoo wiki ijayo. Twaja wiki ijayo, anayehusika yuko semina.

Mamangu ndiye pekee aliyefurahia cheti. Kakitundika ukutani, na mtoto sasa amwita Mwana Bahari, kwa hivyo nyumba nzima tuna mwanabahari wa miezi miwili asiyeweza hata kukaa. Fom tumejaza. Twangoja mtu wa semina arudi.

Msomaji wenu,
Langoni, Lamu