Risala ya Klabu ya Nyota kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Wazazi

Mheshimiwa mgeni rasmi, mkuu wa shule, walimu, wazazi, wajumbe wa kamati na wanafunzi wenzetu, itifaki imezingatiwa, asalaam aleikum, Bwana asifiwe, na wale wa viti vya nyuma mambo vipi.

Kwanza tunakushukuru sana kwa kufika, tena umefika kabla ya chakula, na foleni ya leo wote tunaijua. Wageni wengine huwa wanafika tukiwa tunakunja maturubai, kwahiyo wewe tayari umeshatuheshimisha.

Mheshimiwa, klabu yetu ilianza baada ya lile jua kupatwa tarehe 1 Septemba 2016. Wenye nauli walienda Rujewa kule Mbeya wakaona pete kamili, sisi wa Dar tukaona jua limemegwa tu, lakini hamu ndo ikaanzia hapo. Historia ni hiyo, tusikuchoshe.

Mafanikio ni makubwa mno. Tumeshiriki maonesho ya sayansi na tukapata cheti cha ushiriki, kipo ofisini kwenye fremu. Tumeona miezi mikubwa minne inayoizunguka sayari ya Jupita kwa darubini ya kuazima kwa mzazi mmoja wa Kigamboni ambaye kwa kawaida anaangalizia boti zake. Pia tumechora ramani ya anga ukutani darasa la sayansi, ingawa mvua ya masika imekula upande wa kusini.

Sasa tuje kwenye lililotufanya tukuandikie.

Mheshimiwa, kuna bwana mmoja Mmarekani aliitwa Donald Machholz. Hakuwa mwanasayansi wa kulipwa, alikuwa mpenzi tu wa nyota, anatoka kazini kwake anapanda mlimani na darubini yake. Alichungulia anga kwa zaidi ya saa 1,700 ndo akapata kometi yake ya kwanza, zile wengine wanaziita nyota zenye mkia, mwaka 1978, yaani mtu angeweza kukata tamaa mara mia hapo katikati. Halafu 1986, mwaka ambao dunia nzima ilikuwa inahangaika na kometi ya Halley, yeye tarehe 12 Mei akiwa kilele cha Loma Prieta kule California akaona kaukungu ambako hakapo kwenye ramani. Ikawa kometi mpya, leo inaitwa 96P/Machholz. Inatoka mbali kuipita njia ya Jupita, inazama ndani mpaka kilomita milioni 18 na kitu kutoka kwenye jua, wakati sayari ya Zebaki yenyewe haisogei karibu zaidi ya milioni 46, halafu inatoka tena. Wataalamu walipokuja kuipima wakakuta kemikali zake hazifanani na kometi nyingi, mpaka wengine wakajiuliza kama haikuzaliwa kwenye jua lingine kabisa. Na aliyeiona wa kwanza hakuwa na ofisi wala wino wa serikali.

Tunakusimulia haya kwa sababu ya kile alichokuwa anachungulia nacho. Haikuwa mtambo wa mabilioni. Ilikuwa darubini ya macho mawili, kubwa ndio, lenzi zake upana milimita 130, inakuza mara 29. Basi. Kuna mtu atasema siku hizi kometi zinatafutwa na mitambo inayojiendesha yenyewe na ni kweli, inaziwahi karibu zote, lakini Machholz huyohuyo mwaka 2018 alipata nyingine kwa jicho lake, wakaipata pamoja na Wajapani wawili nao wapenzi tu kama yeye.

Na sisi kijiografia Mungu katupendelea. Dar iko kama nyuzi 7 tu kusini ya Ikweta, kwahiyo tunaona kundi la nyota la Msalaba wa Kusini na tunaona na lile la Dubu Mkubwa wa kaskazini, huyo wa California hakuwa na anga pana hivi. Taa za mjini zinatusumbua ndio, lakini ukivuka pantoni ukaenda fukwe za mbele Kigamboni giza lipo la kutosha, na mafuta ya gari wazazi huwa wanachanga.

Kinachokosekana ni darubini, Mheshimiwa. Ni hiyo tu.

Tuseme wazi kwa heshima zote kwamba ombi hili si jipya. Mgeni rasmi mmoja aliyepita alisema hapahapa, kwenye maiki hii, "hilo niachieni mimi", tukapiga vigelegele, mama zetu wakacheza, picha yake ipo ofisini jirani na kile cheti. Tulipofuatilia tukaambiwa mzigo uko njiani, baadaye mzigo uko bandarini, baadaye simu ikawa haipatikani. Aliyefuata akatuletea tisheti zenye sura yake, tunashukuru, tunazivaa kwenye usafi wa Jumamosi. Kometi ya Machholz inazunguka jua kila baada ya miaka 5 na miezi michache, ilipita Januari 2023 na inarudi 2028, haijawahi kusema iko bandarini. Hatusemi kwa ubaya, ni hesabu tu.

Kwahiyo mwaka huu tumepunguza ombi ili lisimshinde mtu. Hatuombi jengo, hatuombi kompyuta, hata soda za leo tumenunua wenyewe. Tunaomba darubini moja ya macho mawili, lenzi milimita 100, ndogo kuliko ya Machholz. Stendi tutachongesha wenyewe Keko, fundi ameshapima. Profoma tumeibana nyuma ya nakala yako ya risala, duka lipo Posta, simu yao inapokelewa, na kama utapenda kulipa dukani moja kwa moja pesa isipitie kwetu tutafurahi zaidi, maana maneno hayakosekani.

Kabati la kufungia lipo na funguo anakaa nazo mwalimu wa fizikia. Mweka hazina wetu amekaa mstari wa pili mwenye daftari la kijani, ana kalamu mbili, na tumemwomba mshereheshaji asitangaze chakula mpaka daftari lipite meza kuu.

Tunaomba kuwasilisha.