Kobe mnamwonea

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme neno kuhusu ukurasa wa watoto wa Jumapili iliyopita. Mlichapa hadithi ya mbio za kobe na sungura, na chini yake mkauliza: "Kwa nini si vizuri kuwa mzito kama kobe?" Swali hilo limeniudhi.

Mliyochapa ni ile ya Wagiriki, sungura anapitiwa na usingizi. Katika aliyonisimulia bibi yangu, sungura halali hata kidogo. Usiku wa kuamkia mbio kobe anawatawanya jamaa zake njiani, kila kona mmoja. Sungura anatimua vumbi, anaita, "Kobe, uko wapi?" Mbele yake sauti inajibu, "Nipo huku, njoo!" Hadithi ya namna hii husimuliwa na makabila mengi ya Afrika, na anayeshinda ni mwenye akili na ukoo wake.

Wazee wetu husema ukimwona kobe ameinama, ujue anatunga sheria. Wafalme wa Shang kule China, zaidi ya miaka 3,000 iliyopita, walimwendea kobe kwa mashauri makubwa: twende vitani? Mvua itanyesha? Mke wa mfalme atajifungua salama? Gamba la tumbo lilitobolewa vishimo upande wa ndani, likaguswa kwa moto mpaka likapasuka, na mwaguzi akazisoma nyufa. Swali lenyewe lilichongwa juu ya gamba hilohilo. Magamba hayo yamefukuliwa kwa maelfu huko Anyang, na ni katika maandishi ya kale kabisa ya Kichina yanayojulikana.

Jirani zetu Wahindu wanaye Kurma, yaani Vishnu katika umbo la kobe, aliyeubeba mlima Mandara mgongoni usizame wakati miungu na maasura, mahasimu wao, wakiikoroga bahari ya maziwa ili wapate amrita, kinywaji cha kutokufa. Wahaudenosaunee wa Amerika Kaskazini wao husimulia kwamba nchi kavu yenyewe imekaa juu ya mgongo wa kobe. Hayo si mambo ya kumkabidhi mvivu.

Na dharau hii ina madhara. Nimewaona watoto kisiwani Changuu, kwenye wale kobe wakubwa ambao wazee wao waliletwa kutoka Shelisheli mwaka 1919, wakiwagonga magamba kwa mawe ili "waamke". Gamba ni mfupa ulioungana na mbavu na uti wa mgongo. Kobe anasikia kila pigo. Mtoto mmoja alifundishwa kumkuna shingoni taratibu. Kobe akainuka kwa miguu yote minne, akanyoosha shingo na kutulia hivyo, mtoto akasahau hata mchicha aliokuwa ameushika.

Naomba swali lile mlifute, na wiki ijayo mchape hadithi ya kwetu. Ya bibi yangu nimeshaiandika, nitawaletea bila malipo.

Mwalimu mstaafu,
Mikunguni, Zanzibar