Swaleh, ingia mle nyumbani

Langoni, Lamu
14 Juni

Swaleh ndugu yangu,

Assalam alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Ama baada ya salamu, sisi huku hatujambo, hofu ni juu yako wewe na hilo joto la Maskati. Idi tumeila salama. Mama watoto anakusalimu sana, watoto wamerefuka, na kusi imeshaanza kuvuma, kwa hiyo boti za kwenda Kiunga zinasuasua. Haya, salamu zimetosha. Kuna jambo limenikaa kooni na ujumbe wa sauti hausikilizi, ndiyo nikaona niandike.

Nimeacha kulipia ile gemu yetu, Final Fantasy XIV. Ada yangu imekatika tangu tarehe 14 Mei. Usidhani ni kadi iliyogoma au bando lililoisha. Niliingia kwenye akaunti mwenyewe, nikaondoa yale malipo yanayojirudia kila mwezi, nikangoja siku zilizobaki ziishe. Ya mwisho iliangukia Alhamisi, usiku wetu. Nikaenda nyumbani kwetu pale Mist, ule upande wa makazi mle ndani ya gemu, nikashuka chumba cha chini, nikasimama mbele ya lile tangi la samaki, nikapanda, nikatoka nje nikakaa ngazini bahari ikiwa mbele yangu. Hakuna aliyekuja. Kabla ya saa sita nikatoka, nikafunika laptopu, nikalala.

Leo ni siku ya 31. Unajua ninahesabu nini.

Siku 45, Swaleh. Asipopatikana hata mtu mmoja wa kampuni yetu, yaani kikundi chetu cha wachezaji, mwenye ada hai wa kuvuka ule mlango ndani ya siku 45, nyumba inabomolewa. Kwa hesabu yangu ni tarehe 28 mwezi huu. Samani zitawekwa kwa msimamizi siku 35, na baada ya hapo zimekwenda. Sheria yenyewe siipingi, na wewe ndiye uliyenieleza sababu yake: Mist nzima kwenye seva yetu ina mitaa 30 na kila mtaa viwanja 60, na watu wanaotaka ni wengi kuliko hivyo. Anayekaa na kiwanja bila kukiingia anamzibia mwenzake. Mwaka 2020 ubomoaji ulisitishwa kwa ajili ya korona, lakini safari hii hakuna wa kusitisha. Ni sisi tu hatuji.

Nimeulizana na nafsi yangu mara ngapi: nyumba ya gemu, kuta ambazo mkono hauzigusi, inamkosesha mtu mzima usingizi kwa lipi? Mama watoto ameniuliza vivyo hivyo. Nikamwambia akumbuke mwaka ule wa kafyu, boti hazivuki jua likizama, baraza tupu, hata dhumna hakuna. Wewe na Twaha na mimi tukaanza ile ya bure. Ilikuwa Agosti ile ile walipoongeza, ukaweza kucheza bila kulipa mpaka ngazi ya 60. Tulikaa humo miezi. Tulianza kulipa kwa sababu ya kampuni tu, maana wa bure haruhusiwi kujiunga, na kampuni haianzishwi bila watu wanne. Watatu sisi, wa nne yule mwalimu wa Poland aliyejifunza kuandika "haya twende" kila tukiingia vitani. Na ukishalipa mara moja, ile ya bure hairudi tena, ndiyo maana leo siwezi hata kuchungulia.

Na kile kiwanja! Nyumba ndogo kabisa, gil, pesa za mle ndani, zaidi ya milioni 3, tukazichanga kama watu wanaochanga harusi. Nakumbuka ulivyokuwa ukiuza mbao zako moja moja sokoni usiku mzima. Kisha ile bahati nasibu ya 2022: siku tano za kuingiza jina, siku nne za matokeo, tunashindwa, tunaanza upya. Siku tuliyopata ulinipigia simu kutoka Mokowe jetini ukipiga kelele mpaka wachukuzi wakageuka. Twaha ndiye aliyejaza tangi. Hilo la Twaha mimi hunichekesha mpaka leo, mtu anayetapika kati ya Mokowe na Amu maji yakiwa kama sahani, lakini kwenye ile boti ya uvuvi ya gemu, inayong'oa nanga bandari ya Limsa Lominsa kila baada ya saa mbili, wavuvi 24 ndani, yeye ndiye anayerudi na samaki kuliko wote.

Basi ukaenda Maskati. Kwanza ikawa vizuri zaidi, Swaleh, niseme kweli. Alhamisi baada ya isha nilikuwa nakuona. Hatukuwa tunapigana na yeyote. Tulikuwa tunakaa ngazini na kuandikiana: bei ya nazi, nani kaoa, nani kauza mashua. Ile ndiyo iliyokuwa baraza yetu iliyobaki. Kisha Twaha akaacha kulipa, ana haki, amepata mapacha. Mwalimu wa Poland akapotea. Na wewe ukaanza kukosa Alhamisi moja, halafu mbili, halafu nikaacha kuhesabu.

Tangu Desemba nimekuwa nalipa yuro 10.99 kila mwezi, kama shilingi 1,600 hivi na zaidi, kwa kazi moja tu: kufungua mlango. Naingia, nasimama, natoka. Dakika tano. Sipigani, sivui, hata ile bustani nimeacha ikauka maana ukikosa kuitunza kwa siku chache mimea inakufa. Nikawa mlinzi, tena mlinzi anayelipia zamu yake. Mwezi wa Mei ada ya shule ya Salma ikakutana na ada ya gemu kwenye simu moja, asubuhi moja. Nikazitazama zote mbili. Hapo ndipo nilipoondoa.

Utaniambia, si ulipe mwezi mmoja uingie, saa ianze upya, yaishe? Nimelifikiria. Pesa hiyo naweza kuipata, si kubwa hivyo. Lakini mwezi ujao nitakuwa pale pale, siku ya 31, nahesabu peke yangu. Sitaki kuingia mle peke yangu tena. Hilo ndilo neno langu, mengine yote nazunguka tu.

Na sasa nikwambie la nyumba ya pili, usishtuke.

Ule ufunguo alioniachia mama yako alipokwenda Malindi kwa Bi Rukia ninao bado. Kila Ijumaa nikitoka msikitini napitia kwenu. Nafungua mlango wa daka, nafungua madirisha ya juu, naacha upepo upite mpaka alasiri. Mzee wangu alikuwa akisema nyumba ya mawe ikifungwa inavuta maji kama sifongo, na nimeona ni kweli. Masika ya mwaka huu yameingia kwenye dari ya msana. Boriti ya tatu kutoka mlangoni imeshuka, si sana, vidole viwili. Chini yake kila wiki nakuta chokaa imemwagika, mstari mweupe umenyooka sakafuni kama mtu amechora. Naufagia. Ijumaa inayofuata uko pale pale. Kwenye zidaka zile sahani za bibi yako ziko salama, nimeziteremsha zote nikazifunga kwa kanga. Na birika la chooni nalijaza kwa ndoo, kwa sababu wale samaki wawili wadogo bado wako hai. Sijui wanakula nini. Mbu, nadhani. Nikipiga ndoo ukingoni wanapanda juu.

Fundi amepanda akaangalia. Anasema boriti mbili zibadilishwe na dari ipigwe chokaa upya kabla ya vuli, na tukingoja vuli ipite, ataomba boriti sita. Mama yako sijamwambia. Nilidhani nikwambie wewe kwanza.

Sikuandikii ili kukudai, wallahi. Ufunguo ni amana na mimi nitaendelea kufungua hata usiponijibu. Lakini juzi nilikuwa pale msanani, ufagio mkononi, nikakumbuka tangi la Twaha, nikaketi juu ya kile kiti cha mpingo nikakosa nguvu. Nikaona mimi na wewe tumeachiana nyumba mbili, na mlango wa yangu unafungukia kwenye kompyuta yako.

Unakumbuka ulivyonihadithia habari za ule mchezo wa kwanza, toleo la kale la gemu hii hii? Uliotoka 2010, haukupendwa, ukakabidhiwa Naoki Yoshida aurekebishe. Badala ya kuufunga kimya kimya, wakauangushia mwezi. Novemba 2012, usiku wa mwisho, wachezaji wamekusanyika na ule mwezi mwekundu, Dalamud, umejaa angani juu yao, wanangoja dunia yao izimwe. Agosti 2013 ikafunguliwa hii tuliyoikuta sisi. Ulipokuwa ukinisimulia tulikuwa kwenye boti, na uliniambia kilichokugusa si mwezi kuanguka, ni kuwa watu hawakuondoka. Walibaki pale pamoja mpaka mwisho.

Kwa hiyo nimefikia hapa. Kama bado unalipa, na nadhani unalipa, maana wewe kadi yako inakatwa yenyewe, ingia mara moja kabla ya tarehe 28. Dakika moja inatosha. Huna haja ya kuniambia. Na kama umeamua kwamba ile nyumba basi, sema "basi", sitakasirika. Hapo nitalipa mwezi mmoja, wa mwisho, tukutane Alhamisi moja baada ya isha tutoe vitu kwa mikono yetu. Tangi apewe Twaha. Meza uliyotengeneza siku ile ukaiharibu mara tatu, hiyo nichukue mimi. Nisichoweza ni ibomoke tukiwa wote tumelala, na hakuna hata mmoja aliyeamua.

Twaha nilimwambia msikitini. Akanyamaza, kisha akaniuliza kama wale samaki nao hupotea. Nikamwambia baada ya siku 35. Akasema "lahaula", akaondoka. Kesho yake akanitumia picha ya mapacha wake wamekaa mbele ya laptopu iliyozimwa. Sijui alitaka kusema nini.

Sasa nijibu haya, na ujibu yote, usichague. Usiku mmoja wa Ramadhani, karibu na daku, niliona jina lako limewaka. Nikaandika "Swaleh?" na papo hapo likazimika. Ulikuwa wewe? Uliniona? Au ni mtandao tu? Kuna jambo nilikukosea? Ile kazi mpya wanakupa Alhamisi, au zamu zimebadilika? Unalala? Unakula nini huko, au bado ni mikate na chai? Umeshapata mtu wa kucheza naye mwingine? Kama umepata sema tu, sitaona vibaya, nitataka kujua ni mtu wa wapi. Fundi nimwambie aanze au angoje neno lako? Mama yako nimwambie mimi au utamwambia wewe? Na utakuja Maulidi mwaka huu au ndiyo yale yale ya "inshallah mwakani"?

Ni mtaa wa 17, ukiwa umesahau, mlango unaoelekea baharini. Ijumaa nitakuwa kwenu baada ya swala, nitakupigia picha ya ile boriti uione mwenyewe.

Ndugu yako,
Famau