Mafundi wasibandike mafaili ya mfumo kutoka tovuti wasizozijua

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niwatahadharishe wenzangu wanaotunza hesabu za biashara kwenye kompyuta za mezani.

Mwezi uliopita kompyuta ya duka langu hapa Kariakoo iligoma kulinganisha orodha ya bidhaa na simu yangu (yaani kuifanya iwe sawa kote kuwili), ikaonyesha ujumbe kwamba faili moja la DLL, yaani faili la maelekezo ambalo programu hulitegemea, halionekani. Fundi alipakua faili la jina hilohilo kutoka tovuti asiyoijua, akalibandika kwenye System32, folda ya mafaili ya mfumo wa Windows. Ujumbe ulitoweka, lakini tangu hapo programu ikawa inajifunga kila nilipoanza kulinganisha, na siku mbili niliandika bei za nyaya kwa kalamu.

Mafaili haya hubeba maelekezo yanayotumiwa na programu nyingi kwa pamoja, hivyo toleo lisilolingana huvuruga kazi, na lenye virusi hupata mamlaka yote ya programu inayoliita. Isitoshe, ni rahisi kuliweka faili kwenye folda isiyo yake: katika Windows ya biti 64 (biti hapa ni kipimo cha data ambayo programu huchakata kwa mkupuo), System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na yale ya biti 32 yamo SysWOW64. Majina hayo yamewapoteza mafundi wengi.

Nawasihi mafundi: faili likiwa la Windows yenyewe, tumieni amri ya sfc /scannow, inayokagua na kurekebisha mafaili ya Windows, kwa mamlaka ya msimamizi; likiwa la programu ya kulinganisha data, isakinisheni upya kutoka kwa mtengenezaji wake, baada ya kunakili kumbukumbu za mteja mahali pengine.

Mfanyabiashara,
Kariakoo, Dar es Salaam