Kabla ya tingatinga, wapangaji wapewe mkataba

Mhariri,

Wapangaji wa Buxton, hapa Mombasa, walipohama mwaka 2021 kupisha ubomoaji, kila kaya ilitengewa shilingi 240,000 za kulipia kodi kwingine. Zilikuwa nyumba 520 za tangu enzi ya mkoloni. Leo pale pamesimama maghorofa mapya.

Mimi pia ni mpangaji wa mtaa wa kaunti, na sitetei kuta mbovu. Saruji hutudondokea kutoka darini na mabomba yamekwisha. Tunataka nyumba nzuri.

Ninachokililia ni namna watu wanavyohamishwa. Hesabu hupigwa kwa mlango mmoja mmoja, kisha kila mtu akajitafutie. Huyu aenda Bamburi, huyu Mishomoroni, mwengine avuka feri hadi Likoni. Bibi wa ghorofa ya chini alikuwa akichotewa maji na vijana wa juu. Huko aendako nani atamjua? Chama cha kina mama cha kuchangiana huvunjika zamu zikiwa katikati. Mwenye duka aliyekuwa akituandika daftarini hubaki na madeni ya watu asiojua wako wapi. Hakuna fidia inayoyagusa haya, nayo ndiyo yaliyotuwezesha kuishi na mishahara midogo miaka yote hii.

Basi majirani wanaotaka kuhama pamoja wasaidiwe kupata nyumba mtaa mmoja. Na penye nafasi, jengo la kwanza liinuliwe kabla la zamani halijaangushwa, watu wavuke ua tu.

La pili ni kurudi. Ahadi ya mkutanoni haitoshi. Magomeni Kota, Dar es Salaam, familia 644 zilisubiri takribani miaka kumi hadi nyumba mpya zilipozinduliwa Machi 2022. Mtoto aliyeondoka pale akiwa darasa la kwanza alirudi kijana. Na kuna waliofariki wakingoja.

Katiba yetu, kifungu cha 43, inampa kila mtu haki ya makaazi yanayofaa. Kwa hivyo, kabla ya kuguswa Tudor, Likoni, Changamwe au mtaa wowote mwingine, serikali ya kaunti impe kila mpangaji mkataba uliotiwa sahihi: nyumba atakayorudia, bei yake, tarehe ya mwisho ya kukabidhiwa, na atalipwa nini wakichelewa. Uandikwe kwa Kiswahili, wazee wetu wausome wenyewe.

Mpangaji wa nyumba za kaunti,
Mombasa