Rufaa haizibi pengo la ushahidi

MHARIRI,

Naandika kuhusu rufaa zinazokatwa na upande wa mashtaka baada ya mshtakiwa kuachiliwa huru kwa kukosekana ushahidi wa kutosha. Kifungu cha 348A cha Sheria ya Taratibu za Jinai ya Kenya kinampa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma uwezo huo, nami siupingi. Mahakimu nao hukosea.

Ninachopinga ni kufufua kesi iliyoanguka kwa sababu mashahidi hawakufika au mpelelezi hakuleta vielelezo. Kwa kawaida Mahakama Kuu husoma kumbukumbu zilezile za hakimu. Kisichokuwamo hakitaota humo. Wakati huo mshtakiwa, ambaye Katiba inamhesabu hana hatia, anarudi kwenye korido za mahakama za Milimani na bahasha ya stakabadhi kwapani, akitafuta nauli na ada ya wakili, huku mwajiri akisita kumrudisha kazini. Mwathiriwa naye anapewa matumaini ya bure, na hilo, kwangu, ni ukatili.

Muda wa kukata rufaa ni siku 14. Katika muda huo, kiongozi wa mashtaka ambaye hakuiendesha kesi aisome hukumu na kueleza kwa maandishi ni ushahidi gani uliopuuzwa au ni sheria gani iliyokiukwa. Asipouona, faili ifungwe na mwathiriwa aelezwe sababu ana kwa ana. Tena, mtu asifikishwe kortini kabla ya upelelezi kukamilika.

Msomaji wenu,
Nairobi