Mdogo wangu, ile mashua

Mdogo wangu,

Assalaam alaykum. Nakutafuta tangu Desemba 2024, tangu kile kimbunga cha Chido kilipotua Mecúfi, huko kwenu kaskazini mwa Msumbiji. Simu yako iliita mpaka ikakatika. Nikapiga tena, ikaita tena. Siku ya tatu ndipo mtoto wa mama mdogo aliponiambia mko salama, ukuta wa jikoni umelala lakini watu wote wazima. Nilishukuru, kisha nikakaa kitako nikalia kwa hasira. Yeye ulimpokelea. Basi naandika hapa, maana nimeambiwa huku huwa unapita. Anayetaka kusoma na asome, sina la kuficha.

Sikutaka kuanza na ile mashua, lakini sioni pengine pa kuanzia.

Ile Alhamisi, tarehe 25 Aprili 2019, nilikupigia asubuhi kutoka Mikindani. Usiku wa kuamkia siku ile kimbunga Kenneth kilikuwa kimepita ubavuni mwa Ngazidja, kisiwa cha Komoro, na huku kwetu Mamlaka ya Hali ya Hewa imeshatangaza kwamba kinakuja upande wa Mtwara. Shule zimefungwa, maduka yamefungwa, sisi wa ufukweni tumeambiwa tupande juu. Nilikuwa na mtoto mgongoni na ndoo ya unga kichwani, simu nimeibana kwa bega. Nikakwambia mtoe mama kwenye ile nyumba ya udongo, mpeleke msikitini kwenye kuta za mawe. Ukasema, "Sawa, dada." Nilikwambia mara tatu na mara tatu ukaniitikia sawa.

Najua hamkuamini. Hata huku wengi hawakuamini. Tumekua tukijua vimbunga ni vya Beira na vya Madagaska, na kile kisiwa kikubwa kimelala mbele yetu, upepo wa bahari kuu unavunjikia kulekule. Kenneth hakikwenda njia hiyo. Kilizunguka ncha ya kaskazini ya Madagaska, kikakuta bahari ina moto, kikajaa nguvu. Na Beira ndiyo kwanza ilikuwa imelala kwa kimbunga Idai, wiki sita tu nyuma, kila mtu akisema basi, zamu ya mwaka huu imekwisha. Msumbiji haikuwa na kumbukumbu ya kupigwa na vimbunga viwili vya nguvu ile katika msimu mmoja. Kwetu ni mama mkwe peke yake aliyefunga virago bila kubishana na mtu, kwa sababu alikuwa msichana mdogo mwaka 1952 kimbunga kilipoipiga Lindi.

Jioni ikaingia, hatukuona kitu. Mvua, mawimbi, minazi inainama na kuinuka. Kisha mwenye redio akasema kimekata kusini, kimetua Msumbiji. Watu wakapiga takbiri. Na mimi nikasema Alhamdulillah. Nilisema kwa sauti, mdogo wangu, kwa moyo wangu wote. Dakika ile nilikuwa nimesahau kusini kuna nani. Ilipita kama nusu saa ndipo nikakumbuka, nikaanza kupiga simu, na simu zote za kwenu Quissanga zimezimika.

Hilo sijapata kumwambia mtu. Hata mama hakulijua.

Yaliyotokea usiku ule alinisimulia yeye mwenyewe, wewe hukupata kunisimulia. Kenneth kilitua kati ya Macomia na Mocímboa da Praia, na upepo wake ulizidi kilomita 200 kwa saa. Alisema mabati yalianza kulia kabla hayajang'oka, yanalia kama mtoto, kisha yakaondoka yote kwa pamoja, na hapo mvua ikawa ndani. Udongo wa ukuta ukalowa, ukashuka polepole, fito zikabaki zimesimama. Jirani ndiye aliyekuja kumshika mkono, wakaenda wakitambaa kwa magoti mpaka msikitini, huku mabati ya watu yanaruka gizani. Alikuwa na umri wa miaka sitini na saba. Alitambaa.

Wewe ulikuwa mikokoni na mashua.

Mimi nimeolewa kwa wavuvi, usinifundishe. Upepo ukija, chombo kinaingizwa kwenye mikoko, kinafungwa kamba nne kwenye mizizi, na mtu anabaki humo kulegeza kamba maji yakipanda na kuikaza yakishuka. Bila mtu, chombo kinapasuka. Najua pia kwamba ungeweza kufa humo. Ila ungempitisha mama msikitini kwanza. Toka nyumbani mpaka msikitini ni mwendo wa kumaliza muwa mmoja, tumeupima tangu tukiwa watoto. Na mashua ilipasuka vilevile.

Baada ya upepo mvua haikukatika, ikamwagika siku nzima nzima, barabara zikakatika, vijiji vikabaki peke yake. Watu kama 45 walikufa huko kwenu. Ibo ilisemekana karibu nyumba zote zimeharibika. Mwezi wa tano ulipoanza, Pemba, ule mji wa Msumbiji, ikaingia kipindupindu, na Ramadhani ikawakuta chini ya maturubai. Mama alifunga mwezi mzima chini ya turubai la bluu ambalo hata halikuwa lake, maana jina lake halikuonekana kwenye orodha ya misaada. Mwandika orodha alipita siku uliyokuwa baharini na mashua ya kuazima, na aliandika wanaume wa nyumba waliokuwepo tu. Ndivyo alivyoniambia. Sikulaumu kwa hilo. Yule mwandishi ndiye namlaumu.

Sasa pesa. Nilikopa laki sita kwenye kikoba chetu, nikaziweka mkononi mwa mfanyabiashara anayevuka Ruvuma, akakufikishia. Tulikubaliana mabati ishirini, misumari, na fundi wa siku mbili. Nilizilipa kwa mwaka mzima. Nilishona sare za watoto wa shule mpaka cherehani ikapasuka gurudumu.

Mwezi wa sita nikaja. Nikavuka kwa Daraja la Umoja, nikapita Mueda na Montepuez, siku ya tatu nikawa Pemba, nikapata chombo. Nilishukia pale pwani, na kitu cha kwanza kunipokea ilikuwa harufu ya sifa, yale mafuta ya papa ya kupaka chombo. Mashua imeegemezwa kwenye magogo, ubavu mmoja umebadilishwa wote, mbao mpya za manjano zinang'aa kando ya zile kuukuu nyeusi. Mafundi wawili wanashindilia pamba kwenye maungio, tak, tak, tak. Tanga jipya jeupe limekunjwa juu ya mchanga, kamba yake haijaguswa na maji. Ukanikimbilia ukicheka, "Dada, karibu, njoo utazame chombo."

Nikakuuliza mama yuko wapi. Ukanyoosha mkono.

Alikuwa kwenye kiwanja cha nyumba, amekaa kwenye mkeka chini ya lile turubai, kona moja imefungwa kwenye kisiki cha mwembe wetu. Mbele yake ametandaza kurasa za Msahafu wa baba juani, kila ukurasa ameuwekea kijiwe juu usipeperuke. Kurasa zimevimba, wino umeingiliana. Alikuwa anazipindua mojamoja kwa ncha ya kidole, kama mtu anayegeuza mkate wa kumimina usikatike. Akainua kichwa akasema, "Umekuja, mwanangu? Usikanyage huko, kuna Yaasin."

Nilirudi pwani nikiwa siyaoni hata maji. Na wewe ukanijibu mbele ya mafundi, "Dada, nyumba hailishi mtu." Nami nikasema lile neno. Nilisema umemuuza mama kwa mbao. Mafundi wakaacha kugonga. Ukaweka nyundo chini, ukaenda zako ukingoni mwa maji, na tangu siku ile hujapata kunitazama usoni.

Neno lile lilikuwa kubwa. Nilikuwa na haki ya kukasirika, lakini si mbele ya watu, mdogo wangu, si mbele ya mafundi wako. Ningekuwa wa kiume ungenirudishia. Ulininyamazia kwa kuwa ni dada yako mkubwa, nami ukimya huo nikauhesabu kuwa ni kukiri.

Ukiniuliza leo, nitakwambia hesabu yako ya mashua ilikuwa na akili. Ungenunua mabati, mngekaa chini yake na njaa. Wenye vyombo ndio walioinuka mapema pwani yote ile, samaki wakarudi sokoni, unga ukapatikana. Hilo nimelifikiri sana na nimelikubali. Nisichokikubali ni kwamba hukuniuliza. Ungepiga simu ukasema, "Dada, nataka kuzitia kwenye mbao," ningekasirika siku mbili, ya tatu ningekwambia tia. Mimi nilikuwa nashona usiku nikiyaona yale mabati ishirini juu ya kichwa cha mama, nayahesabu mpaka napata usingizi. Nawe ulijua nayahesabu.

Kisha ikaja Machi 2020. Wale watu, waasi wenye silaha, wakaingia Mocímboa, siku ya pili yake tukasikia wako njiani, mara Quissanga. Mashua ileile. Ulimpakia mama na majirani na watoto wasio na wenyewe, ukawavusha Ibo, na baadaye Pemba, mkashukia Paquitequete pale wanaposhukia wote. Mama aliniambia mlikuwa watu thelathini na mbili. Mashua ya watu kumi. Nyumba yenyewe, hata ingekuwa na mabati yangu, ilichomwa.

Watu wanaonijua husema basi, hapo yamekwisha, mashua ilimwokoa. Hayajaisha. Chombo kilimwacha peke yake usiku wa upepo na chombo hichohicho kikamvusha siku ya moto, na mimi mambo mawili hayo yananikaa yote mawili, moja halifuti jingine.

Nasikia sasa unajenga. Nisikilize, hili nalijua kwa mafundi wa huku. Paa literemke pande zote nne. Usitegemee misumari mitupu: kila kenchi ifungwe kwenye boriti kwa waya wa nondo, na boriti ifungwe kwenye nguzo mpaka chini kwenye msingi. Upenu wa baraza ujengwe mbali na paa kubwa, kwa sababu upepo unaushika kama tanga, na ukiondoka uondoke peke yake. Usichague mabati mepesi kwa kuwa ni rahisi. Yale niliyokuwa nimekupangia mwaka 2019 hayakuwa mepesi, niliulizia bei maduka manne. Nilijua ninachokifanya. Sikuwa mwanamke wa mjini anayetuma pesa kujisifu, kama nilivyosikia umesema barazani.

Na mama alipofariki, 2022, nilipigiwa saa tatu asubuhi na mkamzika alasiri. Sikukulaumu, ndiyo sunna. Lakini ulimtuma mtu anipigie.

Nimesikia mashua umeiuza na unafanya kazi kwenye chombo cha mtu. Kama ni kweli, niambie umemuuzia nani. Sitaki kuinunua. Nataka kujua tu iko wapi.

Na kuna jambo moja ambalo wa kuniambia ni wewe peke yako. Siku mlipotoka Quissanga, mama alikaa wapi? Unajua alivyokuwa akiogopa, tangu tukiwa wadogo tezi, kule nyuma ya chombo, hakupata kukaa, alikuwa akijisogeza mpaka kwenye mlingoti na kuushika kwa mikono miwili. Siku ile mlikuwa wengi. Alipata mahali pa kushika?